Kujumlisha Sehemu: Jina Kwanza, Idadi Baadaye

UTANGULIZI

Miongoni mwa mada za hisabati katika shule ya msingi, ni chache zinazowatatiza watoto kama kujumlisha sehemu zenye asili mbalimbali. Mtoto amejumlisha namba nzima kwa miaka kadhaa bila taabu. Sasa anakutana na alama ileile ya kujumlisha, anaitumia kama alivyoizoea, naye anaambiwa kwamba amekosa. Aghalabu haelezwi kwa nini amekosa. Hupewa kanuni tu, na huikariri mpaka siku ya mtihani.

Makala haya tumewaandikia wanachuo wanaojiandaa kwenda katika mazoezi ya kufundisha. Hatukusudii kuwapa kanuni mpya, kwani kanuni wanayo tangu walipokuwa wanafunzi. Tunakusudia kuonyesha kanuni hiyo imetoka wapi, ili wasiifundishe kama wimbo. Tutaanza na somo moja tulilolikagua wenyewe, ambalo lilitufunza sisi wakufunzi zaidi ya lilivyowafunza watoto.

SOMO LA MWAMKULU

Mwamkulu ni kata ya wakulima wa mpunga katika Manispaa ya Mpanda, Mkoa wa Katavi. Huko mtoto hulijua jaruba kabla hajaijua kalamu. Anajua kingo zake, anajua maji yanapoingilia, na msimu wa kupandikiza ukifika huinama pamoja na wazazi wake kuchomeka miche.

Tulikuwa tumekwenda kumkagua mwanachuo aliyekuwa akifundisha darasa la tano. Andalio lake la somo lilikuwa safi na sauti yake ilisikika hadi nyuma ya darasa. Aliandika ubaoni 1/2 + 1/3, akatafuta kigawe kidogo cha shirika, akapata 6, kisha akawaongoza watoto kutamka kwa pamoja: gawanya kwa asili, zidisha kwa kiasi. Watoto walitamka vizuri. Walifanya maswali manane wakiutazama mfano wa ubaoni, na wengi walipata yote. Nasi tuliandika katika fomu yetu ya ukaguzi kwamba somo limefanikiwa.

Zilikuwa zimesalia dakika chache. Tulimwomba mwanachuo ruhusa ya kuuliza swali moja, ubao ukiwa umefutwa. Tukasema: "Mama amepandikiza nusu ya jaruba asubuhi. Jioni amepandikiza theluthi ya jaruba hilohilo. Kwa siku nzima amepandikiza sehemu gani ya jaruba?"

Tulipopita kati ya madawati tulikuta jibu la 2/5 katika daftari nyingi. Binti mmoja hakuwa na wasiwasi wowote. Tulimwuliza, "Mwanangu, jibu hili umelipataje?" Akafungua ukurasa wa nyuma wa daftari lake, akatuonyesha kwa kidole. Pale palikuwa na masahihisho ya juma lililopita kwa wino mwekundu: zoezi la kwanza 1/2, zoezi la pili 1/3, na chini yake, jumla 2/5. Akasema kwa adabu, "Mwalimu, hapa ndivyo ilivyojumlishwa. Nami nimefuata."

Mwanachuo alitutazama, nasi tukaitazama fomu yetu. Binti yule hakuwa mvivu wala mzito wa kuelewa. Alikuwa ameifuata kalamu ya mwalimu wake. Wala hatuwezi kumlaumu mwanachuo peke yake, maana sisi wakufunzi nasi hujaza alama za wanachuo wetu vivyo hivyo kila muhula.

KOSA HILI LINA AKILI GANI?

Kosa la mtoto lina sababu yake, na kazi ya mwalimu ni kuitafuta kabla ya kulifuta. Tuyapime basi maandishi yale mekundu. Mtoto alipewa maswali 2 akapata 1. Akapewa maswali mengine 3 akapata 1. Kwa jumla amepata maswali 2 kati ya 5. Maelezo hayo ni ya kweli kabisa. Kwa nini basi jibu la 2/5 liwe kweli katika masahihisho na liwe uongo katika jaruba?

Jibu liko katika neno tusilolitamka: sehemu ya nini? Katika masahihisho, 1/2 ni sehemu ya maswali 2, na 1/3 ni sehemu ya maswali 3, na 2/5 ni sehemu ya maswali 5. Kitu kizima kimebadilika mara tatu. Katika jaruba, nusu ni ya jaruba lile, theluthi ni ya jaruba lilelile, na jibu nalo lazima liwe la jaruba lilelile. Kitu kizima ni kimoja tangu mwanzo hadi mwisho. Mwalimu aliyeandika jumla ya alama hakujumlisha sehemu. Alikusanya maswali, kisha akatumia maandishi ya sehemu kutaja matokeo.

Kwa hiyo tunashauri kwamba katika majuma ya kufundisha mada hii mwalimu aandike alama kwa maneno: "1 kati ya 2", "1 kati ya 3". Ni jambo dogo, lakini huondoa kikwazo ambacho mwalimu mwenyewe amekiweka njiani.

Siku ile tuliwauliza watoto swali jingine: "Asubuhi mama alikwisha kupandikiza nusu. Je, 2/5 ni kubwa kuliko nusu au ni ndogo?" Walifikiri, wakasema ni ndogo. "Basi miche ya asubuhi imekwenda wapi?" Darasa zima lilicheka, na binti yule alicheka pia. Tangu hapo hapakuwa na haja ya kuwaambia kwamba jibu lile si sahihi.

ASILI NI JINA

Tukishajua kwamba vyote ni vya kitu kizima kimoja, swali la pili ni hili: vipande vyetu ni vya jina gani? Katika sehemu 3/4, namba ya juu, yaani kiasi, inahesabu. Namba ya chini, yaani asili, inataja. Kiasi husema vipande ni vingapi, asili husema ni vipande vya aina gani. Watoto wakiambiwa "robo tatu" husikia jambo hilo waziwazi: ni robo, nazo ni tatu. Lugha yetu ina majina ya vipande hivi tangu zamani: nusu, theluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui na ushuri. Ingawa mengine hayasikiki sana siku hizi, yanafaa kutajwa darasani, kwa sababu yanaonyesha kwamba asili ni jina hasa.

Vitu vyenye jina moja hujumlishwa bila taabu. Humusi 2 na humusi 1 ni humusi 3, kama vile mbuzi 2 na mbuzi 1 ni mbuzi 3. Mtoto anayeandika 2/5 + 1/5 = 3/10 amejumlisha hata majina.

Vitu vyenye majina mbalimbali havijumlishwi mpaka vipewe jina moja. Wazee wetu walilijua hili katika vipimo vyao vya nafaka. Pishi moja ni vibaba vinne, na kisaga ni vibaba viwili. Mtu aliyepima kisaga kimoja na kibaba kimoja hakusema ana "viwili", maana angeulizwa, viwili vya nini? Alisema ana vibaba vitatu. Alikibadili kisaga kwa vibaba kwanza, ndipo akajumlisha. Kwa maandishi ya darasani, hiyo ni 1/2 + 1/4 = 2/4 + 1/4 = 3/4 ya pishi. Nafaka haikuongezeka wala kupungua kwa kubadilishwa jina, na hiyo ndiyo maana ya sehemu zilizo sawa.

HATUA ZA SOMO KWA KUTUMIA JARUBA

Zana nzuri si lazima inunuliwe. Mahali penye mpunga, jaruba ni zana tosha. Tunapendekeza hatua zifuatazo kwa swali la 1/3 + 1/4.

Hatua ya kwanza. Watoto watoke nje, wachore ardhini kwa kijiti majaruba mawili ya mstatili yaliyo sawa kwa urefu na upana. Mwalimu asisitize usawa huo, kwa kuwa theluthi ya jaruba kubwa na robo ya jaruba dogo haziwezi kujumlishwa kwa njia hii.

Hatua ya pili. Jaruba la kwanza ligawanywe kwa mistari ya kulala kuwa vipande 3 vilivyo sawa, na kipande kimoja kitiwe kokoto. Jaruba la pili ligawanywe kwa mistari ya kusimama kuwa vipande 4 vilivyo sawa, na kimoja kitiwe kokoto. Mwalimu aulize: "Je, tuseme tuna vipande viwili? Viwili vya jina gani?" Watoto wataona kwamba vipande havilingani.

Hatua ya tatu. Mwalimu aulize: "Tufanyeje ili majaruba yote mawili yawe na vipande vinavyolingana?" Awape muda. Mara nyingi atatokea mtoto atakayependekeza mistari ya jaruba moja ichorwe pia katika jingine. Kila jaruba sasa lina vyumba 12. Theluthi imekuwa vyumba 4, na robo imekuwa vyumba 3.

Hatua ya nne. Kokoto za jaruba la pili zihamishiwe katika vyumba vitupu vya jaruba la kwanza, na watoto wahesabu. Ni vyumba 7 kati ya 12. Hivyo 1/3 + 1/4 = 4/12 + 3/12 = 7/12.

Hatua ya tano. Sasa, wala si kabla ya hapo, kanuni iandikwe ubaoni. Watoto wanapotamka "12 gawanya kwa 3 ni 4", mwalimu aulize 4 hiyo ni nini. Ni idadi ya vyumba ambavyo kila theluthi imekatwa. Kwa sababu hiyo kiasi nacho kinazidishwa kwa 4.

Katika kazi hii ziko hatari mbili. Ya kwanza ni kuchora sehemu zote mbili katika jaruba moja tangu mwanzo. Mstari wa kulala na mstari wa kusimama hupishana katika chumba kimoja, na mtoto atahesabu vyumba 6 badala ya 7. Hatari ya pili ni kusahau kuhamisha kokoto. Mtoto akiona majaruba mawili yenye vyumba 12 kila moja, atasema jibu ni 7/24. Mrudishe kwenye swali la kwanza: ni sehemu ya nini? Ni ya jaruba moja, si ya majaruba mawili.

Jibu lihakikishwe kwa njia nyingine. Saa inafaa sana hapa. Theluthi ya saa ni dakika 20, robo saa ni dakika 15, jumla ni dakika 35. Na 7/12 ya saa ni dakika 35. Mtoto akiona jaruba na saa vimekubaliana, huanza kuiamini akili yake.

KIGAWE KIDOGO CHA SHIRIKA

Kuzidisha asili mbili kila mara hutoa jina la pamoja, lakini si kila mara hutoa jina fupi. Katika 3/8 + 5/12, tukizidisha 8 kwa 12 tunapata 96: 36/96 + 40/96 = 76/96, ambayo ikirahisishwa ni 19/24. Tukitumia kigawe kidogo cha shirika, yaani 24, tunapata moja kwa moja 9/24 + 10/24 = 19/24. Mtoto aliyetumia 96 hakukosa. Amepita njia ndefu. Asipewe alama ya kosa, bali aonyeshwe njia fupi.

Mfano wa kazi hii katika maisha ni mgawanyo wa mirathi kwa sheria ya Kiislamu. Mtu akifariki akaacha mke, mama na mtoto mmoja wa kiume, mke hupata thumuni, mama hupata sudusi, na mtoto huchukua kinachobaki. Asili ni 8 na 6, kigawe kidogo cha shirika ni 24. Mke ana 3/24, mama ana 4/24, jumla 7/24, na mtoto ana 17/24. Mwenye kugawa akikosea kujumlisha, mmoja wa warithi atadhulumiwa. Si ajabu kwamba al-Khwarizmi, katika kitabu chake cha aljebra cha karne ya 9, aliyatengea maswali ya mirathi nafasi kubwa.

KUTOKA HESABU HADI ALJEBRA

Mwanachuo anaweza kuuliza kwa nini ajisumbue hivi kwa mada ya darasa la tano. Sababu ni kwamba mtoto huyu atakutana na jambo lilelile katika aljebra, ambako hakuna jaruba wala kokoto. Aliyekariri ataanguka huko. Aliyeelewa ataona ni kazi ileile.

Tuangalie mifano. x/3 + x/4 = 4x/12 + 3x/12 = 7x/12. Hapa ni jaruba lilelile la Mwamkulu. Vilevile 1/a + 1/b = b/ab + a/ab = (a + b)/ab. Wanafunzi wa sekondari huandika 2/(a + b), nalo ni kosa la binti wa darasa la tano lililovaa herufi.

Tuchukue mfano mgumu zaidi: 2/x + 3/(x + 1). Asili zetu ni x na (x + 1), kwa hiyo jina la pamoja ni x(x + 1). Tunapata 2(x + 1) + 3x juu ya x(x + 1), yaani (5x + 2)/x(x + 1). Tukumbuke kwamba x haiwezi kuwa 0 wala -1, maana asili haiwezi kuwa sifuri.

Kosa la kawaida hapa ni kukata x ya juu na x ya chini na kuandika 7/(x + 1). Mwalimu awazoeze wanafunzi kujipima kwa kuweka namba badala ya herufi, lakini achague namba kwa uangalifu. Tukiweka x = 1, jibu sahihi linatoa 7/2, na jibu la kosa nalo linatoa 7/2! Tukiweka x = 2, swali lenyewe linatoa 1 + 1 = 2; jibu sahihi linatoa 12/6 = 2; jibu la kosa linatoa 7/3. Namba 1 huficha makosa mengi. Afadhali kutumia 2 au 3, na kupima zaidi ya mara moja.

Kazi hii ni ya kale katika bara letu. Waandishi wa Misri ya kale walizitaja sehemu karibu zote kwa kujumlisha sehemu zenye kiasi cha 1. Katika hati ya Ahmes, iliyonakiliwa yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo na sasa imehifadhiwa London, 2/5 imeandikwa kama 1/3 na 1/15. Hakikisheni: 5/15 + 1/15 = 6/15 = 2/5.

MASWALI YA KUJADILIANA

1. Mtoto ameandika 1/2 + 1/2 = 2/4. Mwulize swali gani ili agundue kosa lake mwenyewe, bila kumwambia kwamba amekosa?

2. Andaa zana ya kufundishia 1/2 + 2/5 kwa kutumia vitu vinavyopatikana katika kijiji unachofundisha. Kitu kizima chako ni kipi?

3. Hakikisha kwamba 1/2 = 1/3 + 1/6, na 1/3 = 1/4 + 1/12. Andika mstari unaofuata. Kisha onyesha kwa aljebra kwamba 1/n = 1/(n + 1) + 1/n(n + 1).

4. Mwanafunzi amejumlisha 1/2x + 1/3x (x ikiwa katika asili zote mbili) akapata 5x/6x². Je, amekosa? Ungemwandikia nini katika daftari lake?

HITIMISHO

Kabla mtoto hajajumlisha sehemu, na ajiulize maswali mawili: ni sehemu za nini, na ni vipande vya jina gani? Kitu kizima kikiwa kimoja na jina likiwa moja, kujumlisha kunabaki kuwa kule alikokuzoea tangu darasa la kwanza. Kanuni ya kigawe kidogo cha shirika ni njia tu ya kutafuta jina hilo.

Siku ile tulimrudishia mwanachuo fomu yake tukiwa tumefuta maneno ya awali. Badala yake tuliandika kwamba somo lirudiwe, nje, kwa kijiti na kokoto. Alilirudia siku ya pili yake. Kabla ya kutoka nje alipita kwanza kwenye dawati la binti yule, akalifungua lile daftari, akakata kwa mstari mmoja jumla aliyoiandika kwa wino mwekundu, na kando yake akaandika: "Maswali 2 kati ya 5. Ahsante kwa kunionyesha." Kisha wote wakatoka kwenda kuchora majaruba.